Mtambo wa Shaba wa Dimo

Oktoba ile, Dimo, mzee wa Kibulgaria aliyekuwa jirani wa Clothilde na mumewe Wilfred, aliwasha moto chini ya mtambo wake wa shaba wa kupikia pombe, ndani ya gereji. Mvuke ukaanza kuvuja pale bomba lilipoungana na kifuniko. Clothilde, aliyekuwa akianua nguo, alinusa plamu zilizochacha, akajua kinachopikwa. Aliingia, akaomba unga, akaukanda kwa maji na kuziba tundu.

“Nani kakufundisha?” Dimo aliuliza.

“Mama yangu, kule Uvira. Alipika kanyanga, pombe kali ya mihogo, ndiyo iliyotusomesha.”

Mzee alifurahi kama aliyempata ndugu. Kwao, alisema, rakia, hiyo pombe ya plamu, haipikwi na mtu mmoja. Majirani huzunguka moto, wakala saladi na soseji, wakanywa kidogokidogo, na kwa kila glasi ni lazima watazamane machoni.

“Kamwite mumeo.”

Wilfred hakuwa amegusa pombe tangu abatizwe, mwaka wa tatu sasa. Clothilde alijua. Lakini tangu wafike Fort Worth, Marekani, hakuna mtu aliyewahi kumsifu kwa lolote, na siku hiyo alijiona mtu. Akamwita.

Wilfred alipokea glasi, akamtazama mkewe. Neno moja tu lingetosha. Clothilde alinyamaza. Glasi ya pili Wilfred aliimba. Ya tatu alicheka, na kicheko kile Clothilde hakuwa amekisikia tangu wakiwa kambi ya wakimbizi. Naye akacheka.

Kufikia Novemba, Wilfred alikuwa akinywa garini kabla ya zamu, nje ya ghala alikofanya kazi. Walipomfukuza kazi, Clothilde alimwendea Dimo.

“Mzee, nakusihi, usimpe tena.”

“Alikuja mara mbili, nikamwambia aje na wewe,” Dimo alisema. “Hakurudi. Ananunua dukani, mama. Anakunywa peke yake.”

Januari Wilfred alikwenda Houston kwa kaka yake, Kalume, kutafuta kazi. Wiki ya tatu Kalume alipiga simu: Wilfred ameondoka na begi lake, hajulikani alipo. Clothilde aliendesha gari hadi huko, akazunguka siku mbili chini ya madaraja wanakolala watu, akionyesha picha ya mumewe kwenye simu. Hakuna aliyemtambua.

Jumapili kanisa zima lilimwombea. Mchungaji akamlaani mzungu yule aliyeingiza pombe katika nyumba ya mcha Mungu. Clothilde alifungua kinywa aseme ni nani aliyemwita Wilfred gerejini.

“Amina,” akasema pamoja na wenzake.