Darasa Juu ya Nyumba ya Machibya

Mvua ya kwanza ya msimu ilimkuta Machibya, mwenyekiti wa kijiji cha Mwasekenge, sebuleni kwake akila matobolwa, viazi vikavu vilivyochemshwa, pamoja na karanga. Matone yalipoanza kugonga bati, bati likaanza kusoma. Lilisoma ba, be, bi, bo, bu, kwa sauti za watoto wengi, kama darasa la pili linavyosoma mwalimu akiwa amesimama mlangoni. Machibya alizima redio ili asikie vizuri. Mkewe aliuliza kama aongeze chai. Mvua ilipokatika, bati lilinyamaza.

Mabati yale yalikuwa ya shule. Hilo lilijulikana. Mwasekenge, nyuma ya Dutwa huko Usukumani, ilikuwa na shule shikizi ya chumba kimoja, iliyoanzishwa ili watoto wadogo wasivuke mto kwenda shule ya kata. Wazazi walifyatua matofali ya udongo, wakapandisha boma hadi usawa wa lenta, juu ya mlango. Mabati yalipoletwa, Machibya aliyatunza kwake kwa usalama, na baadaye nyumba yake mpya ikaezekwa. Aliyeuliza aliambiwa mengine yanakuja. Watoto walisoma ndani ya boma, juu yao mawingu, na mwalimu wao wa pekee, Josia, aliwaruhusu kwenda nyumbani kila mvua ilipotishia.

Machi iliyopita mvua ilikuja kabla Josia hajawaruhusu. Ukuta wa mashariki, uliokwisha kunywa maji ya misimu kadhaa, ulimwangukia Winnie wa darasa la pili. Machibya alitoa ng'ombe wa kuchinja msibani. Alilia makaburini, na hakuna aliyesema alikuwa anaigiza.

Mvua ya pili ilipokuja, Specioza, mama yake Winnie, alikuwa akipanda pamba jirani na nyumba ya mwenyekiti. Alikimbilia barazani kujikinga. Alisikia darasa likitaja silabi, na nyuma ya wote, ikichelewa kidogo, sauti moja yenye mkwaruzo. Akaweka jembe chini.

"Huyo ni wa kwangu," alimwambia Machibya.

"Nilidhani hivyo," alisema Machibya. Akamletea kiti.

Tangu hapo kila mvua ilimkuta Specioza barazani pale. Watu waliokwenda kusaga mahindi walimsalimia wakipita, kama wanavyomsalimia mtu anayesubiri basi. Kabla ya Krismasi bati liliacha silabi likaanza sentensi. Januari lilikuwa darasa la tatu. Specioza aliwaambia majirani kwamba Winnie amepanda darasa. Walimpongeza.

Februari, wazazi walikutana wakaamua mabati yarudi shuleni. Machibya hakubisha, alisema yeye ni mtumishi wao tu. Asubuhi iliyofuata vijana walikuja na ngazi na nyundo. Walimkuta Specioza ameketi mlangoni kwa mwenyekiti, na angani hapakuwa na wingu hata moja.

"Mwangaluka, mayu," walimsalimia mama huyo kwa Kisukuma.

"Mwangaluka. Msiyaguse."

Mwalimu Josia alichuchumaa mbele yake. "Mama Winnie, tukiyapeleka shuleni atasoma kulekule, pamoja na wenzake."

"Una hakika, mwalimu?"

Josia alikuwa mtu mkweli. Aliangalia chini. "Sina."

"Basi niachieni amalize la saba."

Felisita, ambaye binti yake alikuwa akikaa dawati moja na Winnie, alisogea mbele. Hakupandisha sauti.

"Wangu yu hai, mayu. Anakaa chini ya kuta zilizobaki."

"Najua," alisema Specioza. "Kila nikisikia radi namfikiria. Kisha nakuja hapa."

Specioza alishika mguu wa ngazi, hakuuachia. Hakuna kijana aliyekuwa tayari kumbandua mama aliyefiwa. Felisita ndiye aliyeondoka wa kwanza. Jua lilipokuwa kali, nyundo zilirudishwa kwa wenyewe, na Machibya, aliyekuwa nyuma ya pazia muda wote, alitoka akauliza kama kikao kimekwisha.

Baadaye ofisa wa elimu alikuja kwa gari. Aliuliza paa la shule liko wapi, na Josia akampeleka. Manyunyu yalikuwa yakianguka, na bati lilikuwa likisoma habari ya usafi wa mazingira. Ofisa alisikiliza hadi mwisho. Alisema usomaji ule ulikuwa mzuri kuliko wa shule nyingi alizotembelea, akaaga mapema kwa sababu ya barabara.

Ni kweli darasa la bati lilikuwa limetangulia. Watoto wa bomani walipoteza kila siku ya mvua, na kitabu chao hakikufika hata katikati. Josia aliona njia moja tu. Siku hizi mawingu yakitanda huwaongoza hadi kwa mwenyekiti, wakajipanga chini ya upenu, visigino vikilowa. Bati likisoma, wao huitikia. Binti wa Felisita husimama karibu na Specioza, na Specioza humfunika kwa kanga yake. Felisita hajamsalimia tangu siku ile.

Ndani, Machibya huvumilia kelele. Ni mtu wa watu. Amekwisha kuchaguliwa tena. Hufungua dirisha mara moja tu, kuwaomba watoto wasiegemee ukuta, maana umepakwa rangi juzi.