Neno la Anayevaa

Odile Fontenot alikuwa ametengeneza nguo za mpira mweusi kwa miaka ishirini kabla watu wa filamu za wakubwa hawajajua kama yupo duniani. Wateja wake walikuwa wenzake wa klabu ya wapenda mavazi hayo: mwalimu wa hesabu, fundi bomba, muuguzi mmoja mjane. Walikutana ukumbini Los Angeles wamebanwa na mpira na ngozi toka shingoni hadi kisiginoni, na mitaani waliitwa vichaa.

Mwaka 1994 mwongozaji Gary Stubbs akaziona nguo hizo, akanusa biashara. Odile alikubali kumtengenezea za filamu yake kwa sharti moja: anayevaa ndiye mwenye neno. Akisema "nyekundu", kila kitu kinasimama. Ndiyo ilikuwa sheria ya klabu.

"Sawa, sawa, mama," Gary alijibu, macho kwenye koseti, lile vazi la kubana kiuno kwa kamba.

Alhamisi ya kupiga filamu, ghala la Chatsworth lilichemka kama tanuri. Corinne, mwigizaji, alikuwa ndani ya koseti na kofia ya mpira iliyomfunika uso.

"Nyekundu," akasema.

Kamera ikaendelea.

"Nyekundu! Sipumui!"

"Usizime!" Gary akamwambia mpiga picha. "Hofu kama hii huipati dukani."

Odile hakupiga kelele. Alikwenda moja kwa moja mbele ya kamera, akaikata kamba ya koseti kwa mkasi, tundu baada ya tundu, kazi yake ya wiki tatu ikaanguka sakafuni. Kisha akamvua Corinne kofia, akamshika mpaka pumzi ikamrudia.

"Una wazimu wewe? Umeniharibia picha!" Gary akafoka.

"Na kesho nitaiharibu tena ukitaka."

"Nguo tu hizo! Nitazipata kwingine."

"Kazipate. Ganda umelichukua, Gary, kiini umekitupa. Sisi mnaotuita vichaa, hakuna kwetu aliyewahi kulazimika kulisema neno lile mara mbili."

Akaanza kubeba nguo zake. Corinne, amejitanda shuka, akabeba nusu.

"Wewe nawe wapi? Ukitoka hapo, bonde hili lote la filamu hupati kazi!"

"Nimesema nyekundu, Gary. Au mpaka niimbe?"

Gary aliimalizia filamu kwa nguo za plastiki za duka la sherehe. Klabu ilikaa kuitazama, wakacheka hadi machozi. Lakini Corinne kweli hakuitwa na mtu miezi mitano. Alihamia kwa yule muuguzi, akajifunza ufundi kwa Odile.

Mwezi wa sita tangu siku ile, yule mpiga picha akabisha hodi dukani kwa Odile. Alitaka kutengeneza filamu yake mwenyewe.

"Sheria unaijua?" Odile akamuuliza.

"Niliisikia siku ile, nikaendelea kupiga. Mpaka leo inanikereketa."

"Usiniambie mimi." Odile akageukia nyuma ya duka. "Corinne! Kuna mtu hapa. Msikilize, kisha useme mwenyewe."

Corinne akatoka na gundi vidoleni, akavuta kiti pekee kilichokuwapo, akaketi. Mwanamume akabaki wima.

"Haya," Corinne akasema. "Anza."