Majani ya Bibi Nhu

Katika kijiji chetu chote hapa kando ya Mto Cau, hutapata mume asiyejua wivu kama mimi. Mke wangu Thoa huwaimbia wanaume wa kijiji cha ng'ambo nyimbo za mapenzi, nami hulala usingizi mnono. Vijiji vyetu vimeapiana udugu. Wanawake wetu huimba, wanaume wao hujibu kwa mahadhi yaleyale, wanaitana kaka na dada, na kuoana ni marufuku. Kuna nini cha kuogopa?

Ila marufuku ni ya kuoana. Kutazamana hakuna aliyekukataza.

Juzi nilimkuta Thoa jikoni anakunja tambuu za kutafuna. Si zile za kwangu, ambazo ukiziona utadhani zimekaliwa. Za safari hii, kila jani lilikuwa limekatwa likawa kama mbawa za ndege. Mara ya mwisho kumwona akikunja hivyo ilikuwa harusi yetu.

"Za nani?"

"Za wageni, mume wangu."

"Mgeni yupi?"

"Wote. Kila mmoja ana mdomo wake."

"Hata Khang?"

"Asingekuwa na mdomo angeimbaje?"

Khang ndiye anayemjibu. Ana sauti laini na meno yote. Nikaanza kujiuliza: mwanamke anaweza kumwimbia mtu asiondoke, kila wakikutana, na moyo wake usisikie? Nikiamka siku moja nikakuta nusu ya kitanda imehamia ng'ambo, nitamlaumu nani? Sikuwa na wivu, jamani. Nilitaka kujua tu.

Wanaimbia kwa Bibi Nhu, mwalimu wao. Nyuma ya nyumba kuna lundo la majani makavu ya mpunga, karibu kabisa na dirisha. Nikajichimbia humo mapema. Yanawasha, sikufichi.

Wageni wakaja, wakanywa chai, tambuu zikapita. Thoa akaanza. Wimbo wenyewe mgumu, aliufanyia mazoezi majira yote ya mavuno. Alipomaliza, zamu ikawa ya Khang. Akaanza, akakwama. Akarudia, akakwama palepale.

"Dada mkubwa, nisamehe. Mimi mdogo wako nimepotea."

"Usijali, kaka," Thoa akasema. "Mume wangu huujibu wimbo huu nikiuimba jikoni, anadhani simsikii. Yeye hapotei. Na mimi humpikia polepole ili afike mwisho."

Wanawake wakacheka. Mimi huku nikahisi kifua kinajaa, na kabla sijakizuia, sauti ikanitoka. Niliimba jibu lote, mpaka mwisho, na majani mdomoni.

Kisha Thoa akatokeza dirishani.

"Luan. Umekuja kunichunga?"

"Kukuchunga wewe? Natafuta kuku. Jike, mweusi. Nimefika sasa hivi, nikasikia mtu amekwama, nikaona nimsaidie."

Thoa akashika ubao wa dirisha. Sikujua atacheka au atafunga dirisha.

Bibi Nhu akatoka mlango wa nyuma na birika tupu, akavuta majani ya kuwashia moto, palepale ubavuni mwangu.

"Kuku gani, mjukuu wangu? Umeingia humo kabla wageni hawajavuka mto. Nilikuona. Ndiyo maana chai ya pili imechelewa. Nilijiambia nisivute majani, nikuache usikie mwenyewe."