Mshenga wa Mwizi wa Magari

Abdulhamid alikuwa fundi cherehani kwa miaka thelathini na mbili na mshenga kwa miaka kumi na tisa, na katika muda wote huo hakuna aliyewahi kumwambia kwamba bwana harusi wake ni jambazi. Mlevi, ndiyo. Mvivu, mara mbili. Mmoja alikuwa na mke mwingine kule Uvira, na hilo nalo alilimaliza kwa maneno matamu na mbuzi mmoja. Lakini jambazi wa magari! Tena Anwari, mtoto wa marehemu kaka yake, fundi wa simu pale sokoni Rumonge, mtu mzima wa miaka ishirini na tisa anayeogopa hata bata.

"Nani kasema?" aliuliza.

"Mimi," akajibu Fatuma. "Nimesikia kwa masikio yangu haya mawili."

Fatuma alikuwa shangazi wa bibi harusi, na alikuwa amefunga safari kutoka Gitaza mpaka Rumonge kwa ajili ya jambo hilo tu. Alikaa kwenye benchi la wateja, akakataa chai, akaeleza. Jumatano alikuwa anageuza ndagala zake, dagaa wa ziwani, juani, Anwari akafika kumnunulia mama yake kilo mbili. Kabla hata hawajamaliza kusalimiana, simu ikalia. Anwari akasogea pembeni hatua tatu, eti hatua tatu zinaziba watu masikio, akaanza kumfundisha mtu anaitwa Juma.

"'Usinunue gari, Juma, kununua ni ujinga. Simama mu barabara. Gari nzuri ikija, ikatie njia, mutoe dereva, ingia, ondoka. Akileta matata, mupige. Polisi wakikufuata, piga gari rangi mupya, watakupoteza. Mimi niko na kumi na moja mu garaje na hata moja sikununua.' Maneno yake ndiyo hayo, fundi. Sikuongeza hata moja."

"Huo ni mchezo," Abdulhamid akasema. "Mchezo wa televisheni."

"Mchezo gani wa kupiga watu?"

Abdulhamid hakuujua. Alichojua ni kwamba kijana huyu wa balaa kila akifunga kibanda huenda kukaa mbele ya televisheni na kile kidude cha vifungo mkononi.

"Nimemwambia kaka yangu Shabani," Fatuma akaendelea, "na kaka amesema harusi haiko. Raisa analia tangu jana. Kama ni mchezo, njoo umueleze Jumapili. Na ueleze vizuri, maana hiyo habari haimchekeshi."

Alipoondoka, Abdulhamid aliikanyaga cherehani mpaka uzi ukakatika. Wiki tatu zilikuwa zimebaki. Shuka la bibi harusi lilikuwa palepale mezani, limeshonwa nusu. Mtu ameposa vizuri, amekubaliwa vizuri, halafu anajichongea mwenyewe kwa kelele za simu!

Na mzigo wote ulimwangukia yeye. Kwao, bwana harusi hafungui mdomo mbele ya baba mkwe mpaka siku ya nikaha. Akiwa na neno, mshenga humsemea. Akiwa na kosa, mshenga humjibia. Desturi hiyo ilipowekwa, bila shaka waliwazia mambo ya mbuzi na vitenge. Sasa yeye, mzee wa miaka hamsini na minane, alitakiwa kwenda Gitaza kueleza jinsi ya kupata gari katika mji usiokuwepo.

"Nifundishe," alimwambia Anwari siku iliyofuata, na akashikishwa manete, kile kidude cha vifungo, akaishika kwa ncha za vidole kama kitu kitakachomng'ata.

Kwenye kioo cha televisheni kulikuwa na mji mkubwa, maghorofa na bahari, na mtu mmoja mwenye kifua kipana amesimama njiani hana kazi.

"Sasa huyu anafanya nini?"

"Anatafuta gari, baba mudogo."

"Gari la nani?"

"La mutu yeyote."

"Mutu yeyote ndiyo jina la nani?"

Anwari akamsaidia kubonyeza. Mtu wa kifua kipana akakaribia gari lililoegeshwa, akavunja kioo kwa kiwiko, akaingia.

"Mbona amevunja? Si agonge kwanza?"

"Hakuna mutu ndani."

"Basi asubiri mwenyewe arudi! Mbona hana adabu huyu?"

Hivyo ndivyo somo lilivyokwenda, na lilimpandisha mwalimu na mwanafunzi presha kwa pamoja. Kumbe hata maduka ya magari yapo. Unachagua gari kwa simu, unalipa, unaletewa mpaka garaje. "Sasa kwa nini hununui?" Abdulhamid akapiga goti lake kwa hasira. Anwari akasema bei zake ni za kuchekesha, na la kuiba linakimbia sawa tu. Abdulhamid akamwambia asirudie tena sentensi hiyo maishani mwake. Akaambiwa pia kwamba gari ukishaliiba, ukaliingiza garaje, basi ni lako. Polisi wakilikokota, unakwenda unalipa kidogo, wanakupa.

"Wanakurudishia gari uliloiba wewe mwenyewe?"

"Eeh."

"Bila karatasi?"

"Bila."

"Astaghfirullah! Na mafuta je?"

"Hayaishi kamwe, baba mudogo."

Hapo Abdulhamid akatazama dirishani. Nje, foleni ya magari yaliyosubiri petroli ilikuwa imeingia siku ya nne, madereva wamelala na viatu vyao. Hilo la mafuta, Mungu amsamehe, alilionea wivu.

Mpaka Jumamosi jioni alikuwa amejifunza yote: kioo, dereva, duka, garaje, rangi, bima. Alitengeneza hotuba. Angemwambia Shabani kwamba mchezo ni mchezo, kwamba hata karata zina mwizi na mfalme, na kwamba mtu hafungwi kwa ndoto. Akamwagiza Anwari abebe mashine yenyewe ya mchezo ndani ya mfuko, wakitakiwa ushahidi.

Jumapili asubuhi walifika Gitaza. Mzee Shabani, mfanyabiashara wa ndagala, aliwapokea sebuleni, akawauliza habari za nyumbani, za kazi, za mama yake Anwari, kila moja kwa sauti ileile. Fatuma alisimama mlangoni mikono kiunoni. Anwari akaketi, macho chini, mdomo umefungwa kama desturi inavyotaka. Abdulhamid akakohoa, akaanza. Alifika kwenye karata, na alikuwa anasema vizuri, wallahi, Shabani alipoinua mkono.

"Fundi, ngoja. Unajua mimi nilikuwa na gari?"

"Sikujua, mzee."

"Hilux. Miaka ya vita. Nilikuwa napeleka ndagala Bujumbura. Hapo mbele, kwenye kona, wakanikatia njia. Hawakuniuliza neno. Walinitoa kwa ukosi, wakanitupa chini, wakapanda, wakaenda. Mguu ukavunjika mara mbili." Alikunywa chai. "Sasa dada yangu ananiambia yule atakayemuoa mutoto wangu anawafundisha watu kazi hiyo kwa simu, na anacheka. Weye unaniambia ni karata."

Hotuba yote ilimtoka Abdulhamid kichwani. Alimtazama Anwari kwa jicho ambalo, kama lingekuwa bakora, lingemvunja. Lakini angemlaumu nini? Kijana hakujua. Yeye mwenyewe mshenga, mtu wa kuuliza kila kitu, hakuuliza.

"Nionyeshe," akasema Shabani.

Mashine ikafungwa kwenye televisheni, na kwa bahati umeme ulikuwepo. Anwari akashika manete, jasho limemjaa usoni. Mtu wa kifua kipana akatokea barabarani, na akaanza kutembea kando ya njia kwa adabu zote. Akasimama kwenye taa nyekundu. Akampisha bibi mwenye mbwa. Magari yakapita, mazuri, wazi, mengine dereva kalala kabisa, yeye akayaacha. Dakika zikaenda. Abdulhamid akajisikia aibu ya kuchekwa, maana hata mtoto angejua huo ni uongo.

"Anaenda wapi huyu?" Shabani akauliza.

"Ana... anatembea tu, mzee."

"Ananificha. Mwambie acheze vile anachezaga."

"Anwari, umesikia," Abdulhamid akasema.

Kwenye njia panda yenye ukuta wa manjano, gari dogo la mizigo, jekundu, likaja. Anwari akalikatia njia. Mlango ukafunguka, dereva wa shati la buluu akavutwa, akatupwa kwenye lami, na gari likaondoka kwa vumbi. Sekunde tatu, labda nne.

"Si nilisema!" Fatuma akapiga kelele mlangoni. "Si nilisema mimi!"

Shabani alikuwa ameinama mbele, ameikazia macho televisheni.

"Yule mutu," akasema. "Wa shati la buluu. Iko wapi?"

Abdulhamid akafungua mdomo. Alijua kioo kinavunjwaje, rangi inapigwa wapi, polisi wanalipwa nini. Alikuwa ameuliza hata mafuta. Swali hilo halikumpitia kichwani hata mara moja, na sasa mshenga wa miaka kumi na tisa alikaa mdomo wazi kama samaki wa sokoni.

Anwari hakuwa na ruhusa ya kusema. Alisimamisha gari katikati ya daraja, akaligeuza kurudi alikotoka. Polisi walikuwa wameshaanza kumfuata kwa ving'ora. Wakampiga risasi kabla hajafika. Kioo kikageuka chekundu, na mtu wa kifua kipana akazinduka mbele ya hospitali, mbali, hana gari.

Akaanza kurudi kwa miguu. Abdulhamid aliyajua magari yaliyoegeshwa pale kwa majina sasa, na kidogo apige kelele, chukua moja bwana, tutafika lini! Anwari hakuchukua. Alitembea barabara ndefu, akapita chini ya daraja, akakosea njia, akarudi. Polisi mwingine akamgonga kwa gari. Hospitali tena. Akaanza upya, kwa miguu. Fatuma aliacha mlango, akaja kukaa kwenye mkeka.

Mara ya tatu alifika. Njia panda ilikuwa ileile, na ukuta uleule wa manjano. Lami ilikuwa tupu. Anwari akamzungusha mtu wake taratibu. Akaangalia mtaroni. Akaangalia nyuma ya ukuta, nyuma ya mapipa, akavuka upande wa pili, akaangalia na huko. Akarudi mtaroni mara ya pili. Vidole vyake vilikuwa vinateleza kwa jasho na hakuna aliyemwambia aache.

"Kijana," Shabani akasema.

Alimsemesha yeye moja kwa moja, jambo lisilofanyika. Anwari akashtuka, akamgeukia baba yake mdogo kuomba ruhusa, na Abdulhamid, ambaye uvumilivu wake ulikuwa umekwisha tangu Alhamisi, akafoka: "Jibu, bwana! Mpaka nikujibie na hilo?"

"Naam, baba," akasema Anwari.

"Unajua kama hayuko."

"Najua, baba. Ukienda mbali kidogo tu, wanafutika. Siku zote wanafutika."

"Sasa unatafuta nini?"

"Wewe umeuliza iko wapi."

Shabani aliupapasa ule mguu uliovunjika. Kwenye kioo mtu wa kifua kipana alisimama karibu na mtaro, anapumua tu, magari yanampita.

"Kumi na nne," Shabani akasema mwishowe, na sauti ilikuwa imepungua. "Mimi nililala pale kwenye kona mpaka asubuhi, nikahesabu. Gari kumi na nne zilinipita. Zilinimulika na taa, zikaniona, zikaenda. Hata moja haikurudi kuangalia." Akajifuta uso kwa kiganja, akaikunjia televisheni uso. "Zima hiyo kitu. Imeniumiza macho."

Anwari akazima haraka, manete ikamdondoka. Abdulhamid akakohoa, akatafuta neno la kishenga la kusema hapo, lolote, akakosa.

"Fatuma," Shabani akasema, "muite Raisa. Mwambie mume wake iko hapa tangu asubuhi, na hajala."