Kapu la Kipruto Lilipokauka

Kemuma alisema hivi: Jumanne aliazima kapu la Kipruto kwa sababu lake lilikuwa limetoboka. Akachuma nalo majani chai mpaka saa sita, mvua ikamnyeshea njiani, na alipofika kwenye banda la kupimia, karani Benard akamwaga majani, kisha akalitundika kapu tupu kwenye mizani. Kapu lilikuwa zito kuliko uzito ulioandikwa kwa rangi kwenye kitako chake.

"Nilisikia kama kuna mtu ananivuta mabega kutoka nyuma," Kemuma aliapa. "Na mimi si mwoga, Mama Vinny, unanijua."

Chepkorir, mama yake Vinny, alimjua. Kemuma akiona nyoka mmoja, habari ikifika sokoni Kimulot nyoka ni sita.

"Hiyo ni maji tu," akamjibu. "Ulinyeshewa."

"Sawa, ni maji. Si ukaushe upime?"

Kupima ndiko Chepkorir alikokukimbia miezi mitano, tangu mume wake Kipruto aende Siongiroi kutafuta ng'ombe wa maziwa asirudi. Polisi waliandika jina lake. Kanisani waliomba. Kapu lake la mianzi, alilolisuka mwenyewe, lilikaa juu ya dari ya jikoni, na Kemuma hangelipata kama Rebeccah, mama yake Kipruto, hangempa siku Chepkorir alipokuwa mtoni.

Sababu ya kuogopa kila mtu aliijua. Mtu akifa, popote alipo, kile chombo kilichozoea mwili wake kuliko vingine huongezeka uzito saa ileile: gramu mia tatu na kumi na mbili. Awe mtoto wa siku mbili au mzee aliyeota mvi hadi kwenye nyusi, ni gramu hizo hizo. Huitwa baki. Chepkorir alifundishwa darasa la sita kwamba hata ng'ambo walipima kwa mashine kubwa, miaka nenda miaka rudi, na baki haikuzidi wala kupungua. Lakini hakuhitaji mwalimu. Nyanya yake alipofariki, yeye ndiye aliyeinua kibuyu chake cha maziwa, na mkono wake ukajua kabla ya mtu yeyote kulia.

Kapu la Kipruto likiwa kavu lilikuwa kilo moja na gramu mia tisa. Likirudi hapo, mume wake yuko hai.

Akaliweka kando ya moto, mbali kidogo lisiungue, na kila siku akalipeleka kupimwa. Jumatano kilo mbili na gramu mia saba. Wachumaji kwenye foleni wakacheka.

"Leo umechuma upepo, Mama Vinny?"

"Upepo wa gredi ya kwanza," akasema, nao wakacheka zaidi.

Alhamisi uzito ulishuka gramu mia tatu. Akarudi nyumbani akitembea kama msichana, akapika ugali mwingi kupita kiasi. Ijumaa ukashuka tena, lakini kidogo. Hakuna aliyecheka siku hiyo. Jioni aliingiza mkono ndani ya kapu, akapapasa mianzi yote akitafuta mahali penye unyevu. Kulikuwa kukavu kama ganda la mahindi.

"Mama, kwa nini ulimpa Kemuma?" akamuuliza mama mkwe.

Rebeccah alikuwa akipepeta maharagwe. Hakuinua uso. "Nililishusha siku ile nifagie dari, mkono wangu ukalihisi zito. Nikaona afadhali mtu mwingine aseme."

Jumamosi walienda pamoja, polepole kwa sababu ya magoti ya mama. Benard kwa kawaida hukadiria maji kwa macho tu, akatoa kilo moja au mbili kwenye uzito wa majani yaliyolowa, na watu wakamnung'unikia. Leo aliifuta ndoano kwa kitambaa kwanza. Akalitundika kapu, wote wakangoja namba zitulie.

Kilo mbili, gramu mia mbili na kumi na mbili.

"Shusha," Chepkorir akasema. "Tundika tena."

Akashusha, akatundika. Namba zikayumba, zikarudi palepale.

"Labda bado kuna maji, Benard."

"Dada, kama ni maji ningetoa," karani akasema kwa sauti ya chini. "Hii siwezi kutoa."

Foleni ikavua kofia, mmoja baada ya mwingine. Chepkorir akalitoa kapu kwenye ndoano, akalikumbatia kifuani. Uzito ule mdogo ulikaa upande mmoja, kama mtoto anayelala begani.

Rebeccah akaweka fimbo yake chini. Akaufungua mtandio wake, akaupitisha mgongoni, akainama jinsi wamama huinama wanapotaka kuwekewa mtoto.

"Nibebeshe," akasema. "Nilimbeba mpaka akajua kutembea. Nibebeshe nimfikishe nyumbani."

Chepkorir alisimama pale, mikono imezunguka kapu, na mama akangoja akiwa ameinama.