Ajraki Juu ya Benchi

Aibu? Aibu hiyo iliipata nyumba yetu nzima, mjukuu wangu, si mdogo wangu Jurio peke yake. Jurio alikuwa mlinzi wa kile kilima, pale wanapofukua mji wa watu wa kale kando ya mto Sindhu. Siku hiyo mkuu wa wachimbaji, Bibi Sorath, anakuja kula kwake. Sasa benchi la uani, Jurio kalijenga kwa matofali ya kale aliyoyachukua kilimani. Mlinzi mwenyewe!

Alipomwona mgeni mlangoni akababaika, akatupa ajraki mpya juu ya benchi ili kuyaficha matofali. Na ajraki kwetu ndiyo shuka ya kumvika mgeni mabegani. Usipomvika, umemtukana.

Mkewe Hurmat akamkazia macho, akamwita kwa jina la mtoto wao. "Baba Bachal, unamvika mgeni au unalivika benchi?"

Jurio akaivuta, akamvika mgeni. Matofali yakabaki wazi.

Bibi Sorath akayapapasa kwa kiganja. "Mjomba, yapo mengine?"

"Zizi la mbuzi," Jurio akajibu, macho chini.

"Kumbe mbuzi wako wanalala mjini!" Lakini hakucheka. "Kesho tutayarudisha, wewe ukitangulia. Kazini utabaki, ila walinzi wenzako utawaambia mwenyewe ulichofanya."

"Nitawaambia, binti yangu."

Samaki aliyepikiwa mgeni alishaanza kupoa. Kwenye benchi hakuna aliyethubutu kukaa, hata mimi na magoti yangu haya mabovu. Hurmat akatandika mkeka, tukakaa chini wote, tukala.