Kahawa ya Kampire Ilipokutwa na Mvua

Deodatus alikuja kwetu Bugene na kamera kubwa kama kichwa cha ndama, akasema anatengeneza filamu ya maisha ya watu wa kawaida. Akamchagua jirani yangu Kampire. Siku nne alimfuata akipalilia, akifua, akimlisha mama yake, bibi Uwiduhaye, ambaye mtoto wa jicho amemfunika macho yote mawili. Hakuwahi kumpokea hata ndoo.

"Mama, kazi yangu ni kutazama," alimwambia. "Nikitia mkono, ukweli unaharibika."

Nikamuuliza ni ukweli gani huo unaoharibiwa na ndoo moja. Akaliandika swali langu kwenye kidaftari, mjinga yule.

Siku ya tano kahawa yote ya Kampire ilikuwa imeanikwa uwanjani. Hiyo ndiyo ya kumpeleka bibi akatolewe mtoto wa jicho. Ikilowa inaota ukungu, na wanunuzi wa Omurushaka hawainusi mara mbili. Saa nane wingu likaja mbio. Kampire akapaza sauti: "Kahawa."

Kwetu neno hilo likiitwa, mtu anaacha hata uji motoni. Joviana, asiyesemeshana na Kampire tangu Pasaka kwa ajili ya mbuzi, alifika wa kwanza, khanga moja kifuani. Mimi nikaja na beseni. Bodaboda aliyekuwa anapita akaegesha pikipiki, akashika debe. Hata bibi alipapasa ukingo wa turubai, akakusanya kwa viganja.

Na Deodatus? Amesimama juu ya kreti ya soda, kamera ameifunika kwa nailoni pana, safi, nzito.

"Vizuri sana," anasema. "Wewe mama wa khanga, usinizibe."

Matone yakaanza. Robo ya kahawa ilikuwa bado chini. Kampire akaitazama ile nailoni, hakuomba. Akaivuta, akaifunika kahawa, akaibana kwa mawe.

"Mama, kamera inalowa," Deodatus akalia.

"Kesho uianike," akajibu Joviana.

Wiki iliyofuata kahawa ilipimwa Omurushaka bila neno, na bibi akapelekwa hospitali. Deodatus alikuwa bado gesti, anaipuliza kamera yake kwa draya aliyoazima saluni kwa Salvina. Salvina anasema kairudisha bila hata asante.